Kesi ya Ukungu

Aliyepima kwa ukungu asilalamikie jua. Vijana walikuwa wameisikia asubuhi hiyo kwenye foleni ya maziwa, wakamwuliza Mzee Kaniki imetoka wapi. Mzee akaweka ndoo yake chini, akakohoa kikohozi cha heshima. Methali hii ilianza hivi.

Katika milima ya Usambara palikuwa na vyama viwili vya ushirika wa maziwa, Bondeni na Kileleni. Waasisi wake, watu wazima wenye akili timamu, walitoka asubuhi moja ya Julai kugawana eneo. Ukungu ulikuwa umelala katikati ya mlima, umetulia kama shuka jeupe. Wakaandika katika masharti ya vyama na kugonga mihuri: Bondeni itakusanya maziwa kutoka mtoni hadi unapoishia ukungu, Kileleni itaanzia hapo hadi msituni. Wakapeana mikono, wakaenda kunywa uji.

Katikati ya mlima aliishi Bi Zaituni Kupaza na ng'ombe wake mmoja, Sikujua. Miaka ikapita, kila chama kikadai kwamba bibi huyo yuko katika eneo lake. Wakashtakiana. Baraza likaamuru kwamba hadi kesi iishe, asiwepo wa kupokea maziwa yake. Bi Zaituni akagandisha mtindi. Akajaza vibuyu, akajaza sufuria, hata majirani wakaanza kupita njia nyingine wasije wakakaribishwa. Mnada wa ng'ombe ulikuwa Jumatatu. Asipopata pa kupeleka maziwa, Sikujua angeuzwa.

Hatimaye afisa wa baraza akaja alfajiri kuuona mpaka kwa macho yake. Wenyeviti wote wawili wakafika uani kwa Bi Zaituni, kila mmoja na faili lake na muhuri wake.

Mlima haukuwapo. Majogoo waliwika kutoka mahali pasipojulikana, na wageni walielea uani bila miguu. Bi Zaituni, akikamua, alihisi kwamba duniani amebaki yeye, joto la ng'ombe na mlio wa maziwa ndooni.

"Andika, Mheshimiwa," alisema Mzee Shekuwe wa Bondeni. "Ukungu umefika msituni. Yote ni yetu, pamoja na nyumba ya huyu mwenzangu. Singano, karibu chamani!"

"Hebu subiri, bwana," alijibu Mzee Singano wa Kileleni.

Jua likachungulia. Ukungu ukaanza kushuka taratibu, kama mtu anayetoka chumba cha mtoto aliyelala. Ukaacha paa, ukaacha migomba, ukafika kwa Sikujua, aliyesimama ameelekeza kichwa kileleni.

"Pembe ni za Kileleni," afisa alitamka kwa uzito. "Kiwele ni cha Bondeni."

Ukungu ukateleza hadi mtoni.

"Andika, Mheshimiwa!" Singano alipaza sauti. "Sasa hata kitanda cha Shekuwe ni chetu!"

Kisha ukayeyuka wote. Ukabaki mlima tu, umejaa mwanga, hauna mstari popote.

"Napinga," alisema Shekuwe, akinyoosha kidole mbinguni. "Jua la leo limefanya haraka. Naomba kesi iahirishwe."

Bi Zaituni akainuka na ndoo yake. "Baba Shekuwe, aliyepima kwa ukungu asilalamikie jua."

Afisa akafunika kalamu. "Mimi sina la kuongeza. Hadi mtakapoweka alama inayoonekana hata saa sita mchana, kila mfugaji apeleke maziwa anakotaka."

Wazee wakamgeukia Bi Zaituni kwa pamoja. "Mama, si utakuja kwetu?"

"Mmekuja na mihuri miwili," alisema. "Aliyekuja na ndoo yuko wapi?"

Akajitwika, akashika njia ya Bondeni, kwa sababu kuteremka na maziwa ni rahisi kuliko kupanda nayo. Sikujua hakuuzwa. Naye Shekuwe, hadi anakufa, aliamini kwamba alishinda kesi.

Tangu hapo, mtu wa mlima ule akifunga makubaliano yasiyoshikika, kisha yakamponyoka na kumfanya apige kelele, hapewi pole. Huambiwa tu: aliyepima kwa ukungu asilalamikie jua.