Fimbo Nene ya Nyati

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa wakilima na kupika na kugombana kama sisi, palikuwa na kijiji kimoja chini ya vilima vya mawe. Kijiji kilikuwa na ghala moja, na ndani ya ghala mlikuwa na makapu ya mbegu za mtama za msimu ujao. Mlinzi wa ghala alikuwa Nyati. Nani mwingine angewekwa pale, wanangu? Shingo kama gogo, pembe kama upinde, na akikohoa, kanga wote huruka juu ya mapaa.

Siku moja Bi Tembo, mkuu wa kijiji, akafungua ghala ili mbegu zigawanywe. Alikuta kapu moja tu limejaa. Mengine yalikuwa matupu, yamefunikwa vizuri kwa majani.

"Nani amekula mbegu zetu?" aliuliza.

Wote wakamgeukia mlinzi. Nyati naye akageuka kutazama nyuma yake, maana aliyezila ni yeye. Alianza na konzi moja, siku ya njaa, akajiambia kesho atairudisha. Kesho ilipofika hakuwa na cha kurudisha, akala nyingine. Tangu hapo kila siku alikula, na kila siku aliapa kwamba hiyo ndiyo ya mwisho, na alikuwa akisema kweli mpaka njaa ilipomrudia.

Jioni alikwenda kisimani, akawakuta majirani wakiteka maji.

"Sipendi kusema mambo ya watu," alisema Nyati, "lakini yule anayefagia ghala, mimi nimemwona akitoka mashavu yamemvimba."

Aliyekuwa akifagia ghala ni Digidigi, mjane mwenye mtoto mchanga. Ndoo hazijafika nyumbani, kijiji kizima kilikuwa kimekwisha kujua.

Sheria ya pale ilikuwa ngumu. Mwizi wa mbegu alipigwa fimbo na kila nyumba, kisha akafukuzwa kwenda nyikani yeye na wanawe. Digidigi ana miguu kama mabua. Asingefika hata nyumba ya tatu.

Kesho yake baraza likakaa. Nyati alikuja wa kwanza na alipiga kelele kuliko wote.

"Apigwe leo hii. Tunangoja nini? Mtu anakula mbegu, anakula watoto wetu ambao hawajazaliwa."

Aligundua kwamba akipaza sauti, haisikii ile ngoma iliyokuwa ikipiga kifuani mwake, du, du, du. Akinyamaza tu, inarudi. Basi akaendelea kupaza.

"Pole na sauti, Mjomba Nyati," ilisema sauti nyembamba kutoka juu ya jiwe. "Utakauka koo, na visima vyenyewe vimepungua."

Alikuwa Pimbi, mdogo kama paka, mkazi wa miambani, mwenye maneno mengi kuliko kilo zake.

"Wewe unatetea wezi?" alifoka Nyati.

"Mimi ninatetea masikio yangu tu. Bi Tembo, naomba ruhusa. Kwetu miambani tuna desturi. Kesho asubuhi kila mmoja alete hapa fimbo aliyoikata mwenyewe, hata huyu anayeshtakiwa. Mwizi akithibitika, nyumba zote zitampiga, ila kwa fimbo aliyoileta yeye."

Bi Tembo alipepea masikio. "Desturi hiyo siijui."

"Huku bondeni habari huchelewa kufika, Bibi."

Watu wakacheka. Ngiri akauliza, "Sasa nikileta fimbo nene, halafu mkanisingizia?"

"Umekula mbegu, Ngiri?"

"Sijala."

"Basi una hofu gani? Leta hata nguzo ya nyumba."

Bi Tembo akakubali, baraza likavunjika.

Nyati aliingia msituni na shoka. Alikata tawi la mkwaju, gumu, zito, la kutisha. Alipolinyanyua, ngozi ya mgongo ikamsisimka, kama tawi limeshatua pale. Akaliweka chini polepole.

Akakata ufito mwembamba. Huu hauumi. Lakini Nyati mzima, mlinzi wa ghala, aende barazani na ufito? Watasema nini? Watasema, mbona Mjomba ana huruma na mwizi? Akautupa.

Alizunguka huko hadi jua likawa kali. Mwisho akarudi, na nyuma ya nyumba yake akaona mpapai uliokuwa umeangushwa na upepo na kukauka. Mnene, na ndani mtupu kama ngoma. Nyati akautazama kwa muda. Kisha akakata kipande, akakipaka masizi ya chungu, akakisugua kwa mafuta ya nyonyo, sugu, sugu, sugu, mpaka kikang'aa kama mpingo. Akakipima kwa macho, akatabasamu. Kwa mara ya kwanza tangu ghala lifunguliwe alikula chakula akashiba.

Asubuhi wote wakaja na fimbo zao. Ngiri alileta ya mkwaju. Pundamilia alileta ya mkuyati. Mara wakasikia kitu kikikwaruza ardhi, kru, kru, kru. Digidigi alikuwa akiburuta gogo la mninga kwa kamba, jasho linamtiririka, mtoto yuko mgongoni.

"Dada, hiyo si fimbo," alisema Ngiri. "Huo ni mti."

"Kulikuwa na mkubwa zaidi," alijibu Digidigi akihema, "ila sikuwa na nguvu za kuuangusha."

Kisha akaja Nyati. Fimbo yake ilikuwa nyeusi, inang'aa, nene kuliko zote. Aliilaza chini taratibu mno, kama anayelaza mtoto.

"Aisee," alisema Pundamilia. "Huyu ndiye mlinzi."

Nyati akainamisha kichwa kwa unyenyekevu. Sifa ile ilimwingia vizuri. Hata ile ngoma ya kifuani ilitulia kidogo.

"Zimekaa ovyo hizi," alisema Pimbi akishuka kutoka jiweni. "Ngoja nizipange mstari."

Akaanza na ya Ngiri. Akavuta, akasukuma, ikasogea inchi moja. "Ngiri, ndugu yangu, ulitaka kumpiga mwizi au kumzika?" Akaenda kwa gogo la Digidigi. Akalikumbatia, akakaza misuli, miguu ikateleza akakaa chini, puu. Watu wakacheka. Halafu akajipangusa vumbi, akaigeukia fimbo nyeusi.

Du, du, du.

"Acha hiyo, mwanangu," alisema Nyati haraka. "Itakuumiza. Nitakusogezea mimi."

"Usijisumbue, Mjomba. Nijaribu tu, nikishindwa nitakuita."

Akainama, akaishika. Hop. Ikapanda. Akaiweka kichwani kama mwanamke anayetoka sokoni na mzigo mwepesi, akaachia mkono mmoja, kisha wa pili. Akazunguka baraza lote hivyo, mikono yake imejaa masizi.

Kicheko kikaanza, kisha kikafa chenyewe. Kila mmoja alitazama gogo la Digidigi, halafu akatazama mzigo ule kichwani kwa Pimbi.

"Nyati," alisema Bi Tembo. Hakupaza sauti.

Nyati alifungua kinywa apige kelele, na kelele haikuja. "Ilikuwa konzi moja," alisema. "Nilitaka kuirudisha."

"Na Digidigi?"

"Mliponitazama wote, nilitaka mtazame pengine. Yeye ndiye aliyekuwa mdogo kuliko wote."

Ngiri alimvuta Pimbi pembeni. "Ulijua ni yeye?"

"Sikujua. Nilijua tu kwamba mwizi atahitaji fimbo mbili ndani ya moja: ya kuonekana nayo, na ya kupigwa nayo."

Neno lilikuwa limeshatoka, mwizi hupigwa kwa fimbo yake. Nyati akalala chini mwenyewe, akafumba macho. Bi Tembo akaichukua fimbo nyeusi kwa mkonga, akaipandisha juu, akaishusha. Pwaa. Ikapasuka vipande viwili, na ndani wakatoka mchwa.

Kijiji kizima kikaangua kicheko. Nyati peke yake hakucheka. Haikumuuma hata kidogo, na hilo ndilo lililomuuma. Alikuwa amebeba mzigo mzito siku zote zile, akadhani leo atapunguziwa.

Akainuka, akamwendea Digidigi. "Dada, nisamehe. Nipige na gogo lako."

"Kuliburuta tu nimechoka," alisema Digidigi. "Nitaanzaje kukupiga nalo? Uliniharibia jina kisimani. Nenda kisimani ulirudishe, kwa kila anayeteka maji. Kisha utulimie, na mbegu utazitafuta mwenyewe, hata kwa wakwe zako."

Bi Tembo akasema hiyo ndiyo hukumu, na habari za nyikani hazikutajwa tena. Basi Nyati akasimama kisimani kutwa, akisema kwa kila ndoo, "Ni mimi niliyekula, si Digidigi." Jioni ilipoingia, alisikiliza kifua chake na kukuta kimya, akarudi nyumbani akalala usingizi mzito, akikoroma hadi kanga wakahama paa.

Wanangu, mkosaji hukamatwa kwanza na woga wake mwenyewe, sisi wengine humkuta hapo.