Nusu ya Pili ya Siwema

Sogeeni, wasikilizaji. Nina watu watatu wa Tanga na kosa moja, na kuligawa kumenishinda.

Mhina alikuwa na jicho. Miaka yote aliyohakiki michezo ya jukwaani gazetini, aliutambua uongo wa mwigizaji hata akikaa kiti cha nyuma kabisa. Bi Zaituni, mhariri wake, alikuwa na mkono wa kukata: makala ndefu ikipita kwake, ilitoka imekaa sawasawa kwenye safu. Na Kopwe, mwongozaji wa michezo, alikuwa na ulimi wa kumfanya hata mwenye haya kama mwali anene.

Kopwe ndiye aliyempata Siwema, fundi cherehani asiyewahi kuigiza, akampa nafasi ya mjane. "Sehemu ya kwanza simama tu, mwanangu. Usilie, usitikisike. Mapumziko yakiisha, mwaga moyo wote." Siri hiyo hakumwambia mtu. Hata Mhina alipomuuliza mlangoni habari za mwigizaji huyo mpya, alijibiwa, "Wewe keti utazame."

Mhina alitazama hadi mapumziko. Gazeti lilikuwa likifungwa jioni ileile, akainuka, akaenda kuandika: Siwema amesimama kama nguzo ya umeme iliyokatiwa nyaya. Mwishoni akaongeza, kwa uaminifu, kwamba sehemu ya pili hakuiona.

Bi Zaituni akaipokea. Tangazo la saruji lilikuwa limekula nafasi, akaikata sentensi ya mwisho.

Waliobaki ukumbini walitoka wakifuta machozi. Lakini mji ulisoma gazeti. "Nguzo, gauni langu tayari?" wateja walimtania Siwema. Hakurudi jukwaani, na mchezo ukafa.

Mhina alipoujua ukweli, chakula kilimshinda. Kila aliposikia cherehani, moyo ulimchoma. Akawaita wenzake.

"Wewe ulitoka uwanjani mapumziko, ukatangaza matokeo!" Kopwe alimfokea.

"Na wewe ungefungua mdomo ungepungukiwa nini?"

"Jamani, ni sentensi moja tu," alisema Bi Zaituni. "Niliikata kama natoa uzi kwenye nguo."

Wakamtumia Siwema salamu za kuomba radhi. Jibu lilikuja kwa kinywa cha dada yake: "Msinijie kundi zima kama mnaokwenda msibani. Aje mmoja, yule aliyenishusha jukwaani, aseme 'ni mimi' bila kumtaja mwenzake. Nikiona ndiye, nitarudi. Mkikosea, msinijie tena."

Hapo ugomvi ukageuka. Waliokuwa wakisukumiana kosa, sasa kila mmoja alilitaka.

"Niliandika mimi," alisema Mhina.

"Nilikata mimi."

"Nilijua mimi, nikanyamaza."

Na kweli, mmoja wao tu angefanya vingine, Siwema angekuwa jukwaani hadi leo. Mhina amekwisha kuvaa viatu. Amesimama kibarazani, nia anayo, lakini anaogopa: je, akienda yeye na siye, si atakuwa amemshusha Siwema mara ya pili?

Enyi mlioketi hadi mwisho, yeye anawangojea ninyi. Je, wewe ungemtuma nani?