Kopo la Bi Zawena

Isome hii taratibu, kisha mtumie yeyote mwenye mkwe, au mwenye bega linalouma.

Bi Zawena wa Muheza alikuwa hodari wa kupika chai, na hakuna aliyeruhusiwa kumpikia. Mwaka mmoja bega la kulia likaanza kumuuma. Akaupumzisha mkono. Akaupumzisha mno, mpaka ukagoma kupita usawa wa kifua. Hata kilemba alifungwa na Sikudhani, mke wa mwanawe Mbwana. Kwa mtu aliyezoea kujitegemea, hilo lilimuuma kuliko bega lenyewe.

Sikudhani akampeleka hospitali. Mtaalamu wa mazoezi ya viungo akampima, akasema mishipa ya fahamu ni mizima, ila bega limeganda.

"Dawa zitatuliza maumivu, mama, lakini hazitalilegeza. Kila siku pandisha mkono ukutani mpaka uhisi unavuta kidogo, bila kulazimisha. Ukizoea hapo, unaupandisha zaidi."

"Nisimame ukutani kama mtoto aliyetiwa adabu?" Bi Zawena akasema. "Kwa umri huu? Hapana."

Dawa akameza. Ukuta hakuugusa.

Basi vituko vikaanza. Kopo lake la majani ya chai, jepesi lakini pana, la kushikwa kwa mikono miwili, siku zote lilikaa mezani. Asubuhi moja akalikuta kwenye rafu ya chini. Akaguna, akalichukua. Alipokwisha kulizoea pale, likahamia rafu ya pili. Kisha juu zaidi. Kumwomba mkwe amshushie? Afadhali anywe maji ya moto matupu. Kila siku alijinyoosha, akalitoa, na hasira ikazidi.

Moyoni alikuwa na hakika kwamba binti yule amemchoka na anataka jiko liwe lake. Roho ilimuuma, maana alimpenda.

Mwishowe akamwita mwanawe. "Mbwana, mkeo ananidharau. Kama mambo ndiyo haya, mimi nahamia kwa dada yangu Pangani."

Mbwana akamgeukia mkewe, uso umemkunjamana. "Ni kweli unamfichia mama kopo?"

"Silifichi," Sikudhani akajibu. "Naliweka juu."

"Umemsikia mwenyewe?" Bi Zawena akanyoosha mkono kuonyesha. "Hebu tazama lilipo. Lile kule, rafu ya mwisho."

Mbwana akabaki ameutumbulia macho mkono wa mama yake. Ulikuwa ni wa kulia, na ulikuwa juu ya kichwa.

Bi Zawena naye akauona. Akaushusha, akaupandisha tena polepole, kana kwamba ni wa kuazima.

"Mazoezi ya ukutani uliyakataa, mama," Sikudhani akasema. "Nikarudi kwa yule mtaalamu, nikamuuliza kama rafu itafaa. Akasema itafaa, mradi nisikurukishe hatua."

Bi Zawena akacheka mpaka machozi yakamtoka, na si yote yalikuwa ya kicheko. Akalishusha kopo mwenyewe, akapika chai, kikombe cha kwanza akampa mkwewe.

"Kesho lirudishe palepale," akamwambia. "Ila sukari yangu iache mezani."

Asubuhi iliyofuata alitoka chumbani kilemba kimeshafungwa. Kilikwenda upande, na hakuna aliyethubutu kumwambia.

Funzo: Bega lililoganda hulegea kwa kutumiwa kidogo kidogo, si kwa kudekezwa, na kabla ya kumnunia anayekusumbua, uliza kwanza anasumbuka kwa ajili ya nani.