Kilichoikata Hadithi ya Farasi Mweupe

Nyie wa chuoni na madaftari yenu mnaniudhi. Mmeandika kwamba hadithi ya Farasi Mweupe inakatika katikati kwa sababu panya walikula kurasa za kitabu cha watawa. Panya! Kaeni basi mnisikilize, maana huku kwetu Nant Oer, milimani Welisi, kila mtu anajua kilichoikata.

Zamani za mabwana wa ngome, hadithi zote zilikuwa na mwisho, na zilisimuliwa milango ikiwa imefungwa. Mtambaji akishafungua kinywa, lango lilitiwa komeo, na hakuna aliyeingia, kutoka, wala kusema neno ukumbini mpaka hadithi iishe. Hata bwana mwenyewe hakuruhusiwa kuikatiza. Mtambaji peke yake ndiye aliyeweza, na aliyejikatiza alionekana hajui kazi.

Bwana wa hapa aliitwa Ithel, na mtambaji wake Meurig. Meurig alikuwa fundi, sikatai, lakini alipenda sifa kupita kiasi. Mkewe alishafariki. Alibaki na binti mmoja, Hunydd, aliyeolewa ng'ambo ya mlima, na alimpenda kama mboni ya jicho lake.

Mchana mmoja wa theluji nyingi, Meurig alianza kuisimulia Farasi Mweupe, ambayo hakuwahi kuitoa mbele ya watu. Farasi alikuwa amembeba malkia, wakiwakimbia waliomuua mfalme, na mbele yao mto ulikuwa umefurika. Watu waliacha kutafuna.

Hapo bawabu, Goronwy, akatokea mlangoni mwa ukumbi na kuinua mkono. Nje ya lango kulikuwa na mwanamke aliyelowa mpaka kiunoni, anagonga, anasema yeye ni Hunydd, mumewe amekufa, shemeji zake wamemfukuza, anamtaka baba yake. Goronwy alikuwa amemwambia asubiri kidogo. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa kufuata desturi tu, na watu wa namna hiyo ndio wanaonikera kuliko wezi.

Meurig aliuona ule mkono. Mlio wa kugonga nao aliusikia, maana ukumbi haukuwa mbali na lango. Alidhani ni ombaomba fulani, akatikisa kichwa: ngoja. Halafu, Mungu amsamehe, akairefusha hadithi. Akaeleza rangi ya maji, akaeleza hatamu, akaeleza pete za malkia moja moja, kwa kuwa bwana Ithel alikuwa ameinama mbele mdomo wazi, na Meurig alikuwa ameusubiri mdomo ule maisha yake yote. Goronwy akainua mkono mara ya pili, akakataliwa. Mara ya tatu machozi yalikuwa yanamtoka, kwa sababu kule nje kugonga kulikuwa kumekoma.

"Meurig, ni mwanao!" akapiga kelele.

Farasi alikuwa ndio kwanza anatia miguu mtoni.

Walimkuta ameketi, ameegemea lango, theluji imemfika mapajani, viganja vimechubuka. Meurig alimbeba mwenyewe mpaka penye moto. Akamsugua miguu, akampulizia vidole, akamwita kwa jina alilokuwa akimwita utotoni. Wapi! Hunydd alikuwa ameshakata roho.

Kisha bwana Ithel, na mpaka leo sijui kama ni ukatili au ujinga, akauliza taratibu, "Na malkia je, Meurig? Alivuka?"

Meurig hakuinua uso. "Nilimsikia akigonga," alisema. "Nilimsikia, nikaendelea kusema." Akamfunika binti yake kwa joho lake. "Atakayemvusha malkia yule, na yeye asifunguliwe mlango siku atakapougonga."

Hakusimulia tena, na kabla ya theluji kuyeyuka walimzika kando ya Hunydd.

Na tangu siku hiyo hakuna mtambaji wa bonde hili aliyethubutu kuimaliza. Sisi husimulia mlango ukiwa wazi, baridi ituume itakavyo. Tukifika pale farasi anapotia miguu mtoni, tunanyamaza wote, na mmoja wetu anatoka nje kuangalia kama kuna mtu.