Mchezo Usio na Maneno

Kwetu Lubumbashi mnazi ni mti wa kusikia tu. Nazi zenyewe huletwa na malori kutoka mbali, na mtoto wa hapa anaweza kukua mpaka akaoa bila kuona zinakoota. Lakini methali hazilipi ushuru mpakani, na hii ilitufikia zamani pamoja na wafanyabiashara wa pwani waliopitia Maniema: mchagua nazi hupata koroma. Koroma si dafu tena, wala si nazi bado. Maji yake yamekwisha utamu na nyama yake haijafaa kukunwa. Humwangukia yule anayesimama mbele ya fungu zima, akagonga hii, akatikisa ile, akazikataa zote nzuri kwa sababu anazozijua mwenyewe. Na sababu za Djamila, mnisamehe, zilikuwa wivu mtupu.

Djamila alikuwa na umri wa miaka ishirini na sita. Shangazi yake, Mama Rehema, alikuwa na ukumbi wa michezo ya video katika mtaa wa Kamalondo: mabenchi kumi, televisheni kubwa, na mapazia meusi ya kufukuza jua. Kila Jumapili mchana, makanisa yakishatoka na sufuria za bukari, ugali wetu, zikishaoshwa, ukumbi ulijaa watu wa kila rika. Walikuja kwa ajili ya michezo ya kutisha, ile ya kuchagua. Mchezo wa namna hiyo ni kama filamu, ila ni filamu inayosimama na kukuuliza: ufungue mlango au ukimbie? Useme kweli au udanganye? Mstari mwekundu hupungua chini ya kioo, na ukiisha kabla hujachagua, mtu anakufa. Akifa, amekufa kweli. Mchezo haurudi nyuma kumfuata.

Mahali pengine mtu hucheza peke yake chumbani. Kamalondo hatujui upweke huo. Djamila ndiye aliyeshika maneti, yaani kile kitu cha kubonyeza, lakini ukumbi mzima ndio ulioamua. Anayetaka chaguo la kwanza aliinua mkono wa kulia, anayetaka la pili wa kushoto. Djamila alipitisha jicho moja tu juu ya vichwa, akajua wengi wako wapi, akabonyeza. Jicho lile halikukosea kwa miaka mitatu, na watu wakamwita Mama Maneti.

Tatizo lilikuwa maandishi. Michezo ilikuwa ya Kifaransa na maneno yalipita mbio, na wengi walipomaliza kusoma sentensi, mtu alikuwa keshakufa. Djamila mwenyewe ndiye aliyepata dawa. Alimleta Ngalula, rafiki yake tangu sekondari, mwalimu wa shule ya msingi, binti wa familia iliyotoka Kasai. Ngalula alisimama kando ya televisheni akasoma kwa Kiswahili chetu cha hapa, na kila mtu wa mchezo akampa sauti yake. Bibi kizee alikwaruza, askari alisemea puani, mtoto aliyepotea aliita mamake mpaka wanawake wa benchi la mbele wakajifuta macho.

"Ule mutoto wa Kasai akisoma, nywele zinanisimama," alisema Papa Anaclet, mstaafu wa reli ambaye kila Jumapili alikuja na kiti chake kutoka nyumbani. "Na miye niko na kipara!"

Watu walicheka mpaka wakashikana mabega. Djamila naye alicheka, mwanzoni. Kisha Jumapili moja mwanamke asiyemjua alichungulia mlangoni akauliza, "Leo ule musomaji eko?" Alipoambiwa yuko, akaingia na wenzake wanne. Hakuuliza kama Mama Maneti yuko. Tangu siku hiyo Djamila akaanza kusikiliza makofi na kuyapima: haya ni yangu, yale ni yake. Ya Ngalula yalikuwa mengi zaidi. Usiku alijiambia, "Nilimleta mimi. Angekuwa wapi bila mimi?" Hilo ni swali la mtu ambaye roho yake imekwisha kuwa ya korosho.

Basi Mama Rehema akawaita wote wawili. Alikuwa amepata ukumbi wa pili, huko Karavia, ambako watu huenda kustarehe.

"Jumapili ya kwanza ya likizo tunafungua mchezo mupya hapa," alisema. "Djamila, weye iko na maneti, uchaguzi iko yako. Lakini sikia: minataka bantu bakae mpaka mwisho. Bakikaa mpaka mwisho, Karavia minakupa weye uiongoze."

Djamila alipiga magoti kumshukuru. Alikuwa ameitaka Karavia tangu siku shangazi yake alipoitaja kwa mara ya kwanza. Alikuwa amekwisha kuchagua hata rangi ya mapazia. Lakini kesho yake alipofika ukumbini, aliwakuta Mama Rehema na Ngalula nyuma ya pazia wakinong'ona. Walipomwona wakanyamaza. Ngalula alikuwa na karatasi mkononi, akaikunja haraka akaitia mkobani.

Loo! Wivu hauhitaji kuni nyingi. Djamila hakuuliza karatasi ile ni ya nini. Alikwisha kujijibu: wanapanga Karavia, na aliyepangiwa ni Ngalula.

Jumatano, baada ya masomo, Ngalula alikuja na daftari. Alikuwa ametafuta michezo mitatu, akaandika habari za kila mmoja kwa mwandiko wake wa ubaoni.

"Wa kwanza ni huu, Dja. Harusi. Wageni wanane wamealikwa, wanafika, halafu wanaambiwa bwana harusi alikufa mwaka jana. Na bibi harusi bado anamngojea. Kila mgeni ana siri yake. Ee, huu ni moto!"

Djamila alitazama picha kwenye simu ya mwenzake. Aliutamani, maana mchezo ulikuwa mzuri ajabu. Lakini palepale alisikia masikioni sauti nane, zote za Ngalula, na ukumbi mzima umesimama kumpigia makofi.

"Watu wanane ni wengi," alisema. "Wataleta fujo."

"Haya. Wa pili ni wa muuguzi. Mgonjwa ameletwa hana fahamu, lakini anaita jina la yule muuguzi."

"Watu wana wagonjwa nyumbani, na unataka kuwaonyesha hospitali?"

"Wa tatu basi. Wanakwaya. Mafuriko yamewakwamisha kwenye kijiji ambacho kila mtu anaimba wimbo mmoja."

"Watu wa kanisa watakasirika."

Ngalula alicheka kidogo. "Dja, watu wa kanisa ndio wanaokaa benchi la mbele."

"Nimesema hapana. Mimi nimekwisha pata." Djamila akatoa simu yake. Mtu mmoja alionekana akitembea ndani ya nyumba kubwa ya kijivu. Hakufungua kinywa. Hakuna aliyemsemesha. Hapakuwa na barua ukutani wala jina mlangoni.

Ninyi wasomaji niwaambie ukweli ambao Ngalula hakuujua. Djamila aliujaribu mchezo ule kwa nusu saa tu. Alipoona hauna neno hata moja, alifurahi mno akauzima. Hakujishughulisha kujua kama una utamu, wala kama una mambo ya kuchagua. Alichotafuta ni mchezo wa kumfunga mwenzake mdomo.

"Huu hauna maneno," Ngalula alisema polepole. "Miye nitafanya nini?"

"Utapumzika."

Ngalula alifunga daftari. Akachezea kona ya jalada. "Dja, niko na neno la kukuambia."

"Kesho. Leo nina kazi."

Kesho ilipofika Djamila alikuwa na kazi nyingine, na kesho kutwa vilevile. Mwenye kijicho hakosi shughuli anapoitwa na anayemwonea kijicho.

Jumapili ile watu walijaa hata wakakosa pa kukaa. Vijana walisimama ukutani, akina mama wakapakata watoto, na Papa Anaclet akakita kiti chake katikati kama mwenye nyumba. Mama Rehema alisimama mlangoni, mikono kifuani. Mapazia yakafungwa. Mtu wa kijivu akatokea, akafika mbele ya milango miwili.

"Kulia au kushoto?" Djamila aliuliza kwa sauti kubwa.

Mikono ikainuka. Kulia. Mtu yule akafungua mlango wa kulia, akaingia kwenye ujia mrefu, akatembea, akatembea, akafika mbele ya milango miwili.

"Kulia au kushoto?"

Kushoto. Ujia uleule. Milango miwili tena. Mara ya tano mikono iliinuliwa nusu. Mara ya nane baadhi ya watu waliinua yote miwili kwa mzaha, na jicho la Djamila lisilokosea halikuwa na cha kuhesabu. Hakuna aliyekufa, maana hapakuwa na wa kumuua. Mtoto mmoja akaomba maji.

"Djamila, mwanangu," aliita Papa Anaclet, "huyu bwana anatafuta nini?"

"Anatafuta njia ya kutoka, papa."

"Ah bon? Basi na miye minatafuta yangu."

Akanyanyuka, akakamata kiti chake kwa mgongo. Kicheko kilichozuka hakikuwa cha furaha. Mwanamke wa benchi la mbele akapaza sauti: "Ngalula! Simama utusemee! Huyu muntu hana mudomo, umupe yako!"

"Ngalula! Ngalula!" ukumbi ukaitikia.

Ngalula alisimama, lakini hakwenda kando ya televisheni. Alimgeukia rafiki yake. "Dja, niseme? Naweza kumtungia maneno. Na milango nitaitungia, watachagua. Ukikubali tu."

Watu waligeuka kumtazama Djamila. Kwenye kioo hapakuwa na mstari mwekundu, ila Djamila aliuona ukipungua. Neno moja tu lingetosha. Papa Anaclet angekiweka kiti chini. Watu wangekaa mpaka mwisho, na Karavia ingekuwa yake. Lakini makofi yangekuwa ya nani? Wivu ukamjibia.

"Hakuna maandishi, hakuna kusoma. Kaa chini."

Ngalula akakaa. Akaweka mikono magotini. Papa Anaclet akatoka na kiti chake, na nyuma yake wakatoka akina mama, kisha vijana wa ukutani. Mtu wa kijivu alipofika mbele ya milango mingine miwili, hapakuwa na mkono wa kuinuka.

Mama Rehema alifungua mapazia. Mwanga wa jua ukaingia juu ya mabenchi matupu.

"Ule mchezo ya harusi," aliuliza, "uliukataa juu ya nini?"

"Watu wanane ni wengi, shangazi."

"Ni bengi kwa nani?"

Djamila akapasuka. "Basi Karavia mpe yeye! Si ndiyo mliyokuwa mkinong'ona nyuma ya pazia? Nilimleta mimi hapa, sasa anataka kunirithi nikiwa hai!"

Ngalula alifungua mkoba, akatoa karatasi iliyokunjwa, akaiweka juu ya maneti. Ilikuwa barua ya kazi. Amehamishiwa shule ya Mitwaba, huko kaskazini, safari Alhamisi.

"Nilikuwa namuaga Mama Rehema," alisema, na sauti ile iliyokuwa na watu wengi ndani yake sasa ilikuwa ya mtu mmoja tu. "Nilimwambia, siku yangu ya mwisho nataka kusoma watu wanane, ukumbi ujae mpaka mlangoni, Dja apate Karavia yake. Nikamwomba anyamaze, nikuambie mwenyewe. Ukasema kesho."

Djamila aliikunjua barua, akaisoma mpaka mwisho. Alikuwa amechagua mchezo usio na maneno, na sasa hakuwa nayo hata yeye.

"Nisamehe," alisema mwishowe. Ngalula alimkumbatia, kwa maana alikuwa mtu wa kusamehe, lakini barua ilibaki barua. Alhamisi aliondoka. Na Mama Rehema hakuwa mtu wa kumeza neno lake: watu hawakukaa mpaka mwisho, kwa hiyo Karavia akapewa Bwalya, fundi wa simu, aliyekwenda kuweka mapazia ya rangi aliyoipenda mwenyewe.

Mwezi ulipopita, Djamila aliuweka ule mchezo wa harusi. Nusu ya mabenchi ilikuwa tupu. Alishika maneti na kusoma mwenyewe, na alijitahidi, masikini.

"Hapa bote banasema sawa Djamila," alinung'unika Papa Anaclet. "Bibi harusi, padri, mupishi, bote!"

Kisha mchezo ukafika mahali ambapo rafiki wa bibi harusi anagonga mlango, yuko nje kwenye mvua, na wageni wanamshuku kwamba ndiye anayemleta maiti wa bwana harusi. Afunguliwe au aachwe? Mstari mwekundu ukaanza kupungua. Mikono mingi ya kushoto ikainuka: aachwe. Djamila hakutazama vichwa wala mikono. Alibonyeza. Mlango ukafunguka.

"Eeh! Haukuhesabu mikono!" Papa Anaclet alipiga kelele.

"Ni rafiki yake, papa. Anaingia."

Msichana wa mchezo aliingia akitetemeka kwa baridi, hana maiti wala nini, akasema maneno mazuri ambayo Djamila aliyasoma kwa sauti ya kukauka, huku akiangalia kando ya televisheni, pale ambapo hakuna aliyesimama. Fungu zima lilikuwa mbele yake, na nazi iliyo nzuri kuliko zote ilikuwa imekwisha kuwekwa mkononi mwake na rafiki. Aliirudisha ili mwenzake asipigiwe makofi. Kweli hawakukosea waliotuletea neno hili kutoka nchi ya minazi: mchagua nazi hupata koroma.