Misiba ya Mji wa Ukuta

Hapo zamani za kale, wanangu, wanyama walijenga mji mkubwa kuliko wowote uliopata kuonekana. Nyumba elfu tatu, na ukuta wa mawe ukizizunguka zote. Mtawala wao alikuwa Tembo.

Vizazi vikapita, mashamba yakachoka. Miti ikaisha kwa kukatwa. Kuchota maji kukawa safari ya kutwa nzima.

Pimbi, mdogo kuliko raia wote, akamwendea Tembo.

"Mheshimiwa, kitinda mimba wangu hawezi tena kusimama kwa njaa. Turuhusu tuhamie ng'ambo ya mto."

"Uhame?" Tembo akacheka, ho! ho! ho! "Uuache mji mkubwa hivi? Njaa ni uvivu tu. Tutaongeza ukuta!"

Siku hiyohiyo akatangaza kwamba atakayehama atafungwa.

Lakini mji ule ulikuwa na desturi moja: wafu walizikwa nje ya ukuta, na wafiwa hawakuzuiwa langoni, wala maiti haikufunuliwa.

Asubuhi Pimbi akaviringisha vyungu na mbegu ndani ya mkeka. Mkewe akambeba mtoto mgongoni. Wakaenda langoni wakilia.

"Nani amefariki?" akauliza Faru, mlinzi wa lango.

"Shangazi yangu, kaka."

"Pole sana. Piteni."

Mkeka ukalia: kwala! kwala!

Faru akasimamisha masikio. "Mbona marehemu anagongana?"

"Ni mifupa, kaka. Njaa haikumwachia nyama."

"Lo! Maskini." Faru akainamisha pembe, akawafungulia.

Kesho yake Digidigi naye akafiwa na shangazi. Kisha Ngiri, aliyekuwa amefunga jiwe la kusagia mkekani.

"Huyu mbona mzito hivi?" Faru akauliza.

"Alikuwa na huzuni nyingi, mzee wangu."

Halafu pundamilia, ukoo mzima: "Uwii! Uwii!" Hata majirani wasiopatana walisaidiana kubeba mikeka.

Faru akapeleka habari. "Mheshimiwa, mashangazi wanakwisha."

Tembo akafuta chozi. "Lakini umeona wanavyoshika desturi? Mji wenye adabu namna hii hauwezi kufa. Waambie wabebe mawe, tuongeze ukuta."

Faru akazunguka mitaa yote kutafuta wa kuambiwa. Jioni akarudi na mkeka kwapani.

"Hata wewe, Faru? Nani tena?"

"Shangazi, mheshimiwa."

"Kwani ulikuwa na shangazi?"

"Nilikuwa naye," akasema Faru, akatoka. Lango halikuwa na wa kulifunga. Kriii, likabaki likichezwa na upepo.

Ng'ambo ya mto, mtoto wa Pimbi alikuwa ameanza kusimama, akishika mkia wa Ngiri. Ndani ya ukuta, Tembo aliketi barazani akingoja mtu aje kumpa pole. Akangoja sana.

Funzo ni hili, wanangu: asiyetaka kuambiwa shida na watu wake, ataambiwa na nyumba zao tupu.