Niachie Sauti Yake

Palikuwa na mama mmoja muuza mtindi, wapendwa, na mama huyo alikuwa na friji kuukuu ambalo mtaa mzima waliliita Trekta. Likiwashwa, vikombe vinatembea vyenyewe mezani. Aliyetaka kujua kama duka limefunguliwa hakutoka nyumbani, alitega sikio tu. Nalo lilikula umeme kama harusi inavyokula wali. Kwa nyuma lilitoa joto hata kuku akaatamia hapo, akatotoa vifaranga kumi na mmoja. Anayebisha anione baada ya ibada, nimtajie majina yao.

Siku moja ukaja mradi. Mwenye friji kuukuu la biashara apewe jipya lisilokula umeme. Nusu ya bei alipe yeye, nusu mradi. Sharti moja: siku ya thelathini lori litapita kulichukua la zamani likavunjwe. Atakayeling'ang'ania, jipya litarudi lilikotoka. Mama akauza mbuzi wake wawili, akalipa nusu yake, jipya likaja.

Likawashwa. Kimya. Limetulia kama bwana harusi mbele ya wakwe. Mama akaingiza mkono, baridi ipo. Lakini wateja? Wanapita nje, hawasikii ngurumo, wanasema leo umeme umekatika, wanakwenda zao. Siku tatu mtindi ukabaki, na mama akaanza kuwakumbuka mbuzi wake.

Ninyi mngefanyaje? Yeye alilificha jipya nyuma ya pazia, akalirudisha Trekta mbele ya watu, tupu, akaliwasha lingurume. Wateja wakarudi mbio. Mtu akiagiza, mama anafungua Trekta, analibamiza kwa kishindo, kisha anazama nyuma ya pazia eti kutia sukari, anatoka na kikombe cha baridi. Mwalimu mmoja mstaafu akawa haishi kulipigapiga ubavu lile kuukuu.

"Mama, hayo mafriji ya mradi usiyakubali. Hakuna kama mnyama huyu."

"Kweli, Mwalimu," mama anajibu, kicheko anakimeza. Ila LUKU, ile mita ya umeme, sasa ilikuwa na midomo miwili ya kulisha.

Siku ya thelathini lori likafika. Mama akapiga hesabu. Trekta likienda, wateja wanakwenda nalo; likibaki, jipya linachukuliwa na mbuzi ndio wamepotea bure. Akamsogelea bwana wa mradi.

"Mwanangu, lichukue. Ila niachie sauti yake."

Wateja nao wakaja juu, Mwalimu mbele yao na kikombe chake mkononi, akiuliza kama serikali imeamua wazee wanywe mtindi wa moto. Yule bwana hakubishana. Alifungua Trekta, watu wakachungulia: halina hata tone. Kisha akachomoa waya ukutani.

Ngurumo ikakatika. Mwalimu akakitazama kikombe chake, akalitazama Trekta.

"Mama, sasa hiki ninachokunywa kimetoka wapi?"

Mama akavuta pazia. Lile jingine likaonekana limesimama pale, jeupe, halisemi neno. Mwalimu akapiga funda moja, jino likamchoma kwa baridi.

"Mwezi mzima," akasema, "nimemsifu asiyehusika."

Watu walicheka hata yule kuku akakimbia na wanawe wote. Trekta wakalipakia wao wenyewe kwenye lori, na mtindi ulikwisha kabla ya adhuhuri. Kesho yake walirudi bila kuitwa na ngurumo yoyote.

Sasa sisi. Tulipewa moyo mpya, na si kwa nusu bei. Mwingine alilipa yote, wala hakugusa mbuzi wetu. Sharti letu ni lile lile: toa wa zamani. Tumeutoa? Tumeuweka mbele ya watu ungurume, tusije tukasahauliwa mtaani. Tunatoa sadaka na kuitangaza. Tunafunga na kukunja uso jirani aone. Ndugu yangu, anayekuja kwako kwa kiu hanywi ngurumo yako. Anakunywa kile Bwana alichokipoza kimyakimya nyuma ya pazia.

Lori liko mlangoni. Chomoa waya.

Na kwa kuwa hapa hakuna anayenguruma kunishinda mimi, nimebakiwa na kurasa sita za mahubiri na ninazikunja. Nimechomoa. Nakaa.